Kamera za Nyumbani na Uzio wa Jirani

Mtu apitaye leo katika mitaa ya Ntinda au Muyenga mjini Kampala, au akitoka hadi Kira na Najjera ambako nyumba mpya zinaota kila mwezi, akiinua macho juu ya malango ataona kitu ambacho zamani kilikuwa mali ya mabenki na balozi za kigeni tu. Ni kamera ndogo, imefungwa kwenye pembe ya ukuta, na jicho lake halifumbi usiku wala mchana. Mwenye duka la vipuri anayo. Mwalimu mstaafu anayo. Afisa wa jeshi aliyejenga kwa mkopo wa Wazalendo SACCO anayo, tena pengine tatu: moja langoni, moja uani, na moja sebuleni juu ya televisheni.

Hakuna ajabu katika jambo hilo. Mwenye nyumba ana haki ya kulinda jasho lake, na mlinzi wa usiku husinzia. Lakini swali ambalo limekuwa likiulizwa katika nchi nyingi, na ambalo sasa limefika mlangoni pa raia wa Uganda, si kama kamera zifungwe au zisifungwe. Zimekwisha kufungwa. Swali ni jicho lile linatazama wapi, picha zake zinakwenda wapi, na ni nani mwenye ruhusa ya kuzitazama. Swali hilo linamhusu askari wa jeshi na wa polisi kuliko raia yeyote mwingine, kwa sababu yeye ndiye anayeitwa mwizi anapoingia, yeye ndiye anayekabidhiwa picha, na yeye mwenyewe, na mkewe na wanawe, wanapita mbele ya kamera za watu kila siku.

Ni vizuri kukumbuka jinsi kamera zilivyopata heshima katika nchi hii. Asubuhi ya tarehe 17 Machi 2017, Inspekta Jenerali Msaidizi wa Polisi, Andrew Felix Kaweesi, aliuawa kwa risasi karibu na nyumbani kwake Kulambiro, pamoja na mlinzi na dereva wake. Mwaka uliofuata, tarehe 8 Juni 2018, Mbunge wa Manispaa ya Arua, Ibrahim Abiriga, aliuawa naye akiwa njiani kurudi nyumbani. Baada ya vifo hivyo Serikali iliharakisha mpango wa kamera za barabarani, mpango uliogharimu dola za Marekani milioni 126 na kutekelezwa na kampuni ya Huawei ya China. Mwezi Novemba 2019 Rais Museveni alifungua kituo kikuu cha kamera hizo katika makao makuu ya polisi Naguru, na awamu ya kwanza ilikuwa na kamera zaidi ya 3,000 katika eneo la Kampala na wilaya zinazouzunguka mji huo. Tarehe 1 Juni 2021, Jenerali Katumba Wamala, ambaye wakati huo alikuwa Waziri wa Ujenzi na Uchukuzi, alishambuliwa huko Kisaasi. Yeye alinusurika na majeraha, bali binti yake na dereva wake walipoteza maisha. Haukupita muda mrefu wananchi wakawaona kwa macho yao, katika picha za kamera, wale watu waliopanda pikipiki. Mwezi Novemba mwaka huo huo mabomu yalipolipuka mbele ya Kituo Kikuu cha Polisi na karibu na Bunge, ni picha za kamera tena zilizosimulia mambo yalivyotokea kabla hata mashahidi hawajapata nguvu ya kusema.

Basi mtu asiyeona faida ya mitambo hii atakuwa amefumba macho kwa makusudi. Walakini kuna tofauti kubwa kati ya kamera ya barabarani na kamera ya nyumbani, tofauti ambayo mara nyingi haitajwi. Kamera ya barabarani ina mwenyewe anayejulikana. Ina kituo, ina afisa wa zamu, na ikitumiwa vibaya kuna mtu wa kuulizwa, hata kama kumuuliza si kazi nyepesi. Kamera ya nyumbani haina kamanda. Imefungwa na fundi aliyepatikana kwa simu, aliyelipwa na kwenda zake, na mara nyingine fundi huyo bado analikumbuka neno la siri la mashine kwa sababu ni yeye aliyeliweka. Picha zinaingia katika simu ya baba, ya mama, ya mtoto wa kwanza aliye chuo, na pengine ya shemeji aliyewahi kukaa hapo mwaka juzi.

Uganda ina kisa kimoja cha kamera ya nyumbani ambacho dunia nzima ilikiona. Mwezi Novemba 2014, baba mmoja mjini Kampala aliona dalili za mapigo katika mwili wa mtoto wake ambaye hakuwa ametimiza miaka 2. Akatega kamera sebuleni bila ya mtumishi wa nyumbani kujua. Picha alizozipata ni za kutisha: mtumishi anampiga mtoto, anamtupa sakafuni, anamkanyaga kwa miguu. Mtumishi yule alikiri kosa mbele ya mahakama, na mwezi Desemba mwaka huo akahukumiwa kifungo cha miaka 4. Bila ya kamera ile, nani angemwamini mtoto asiyejua kusema? Hapo ndipo wengi walipoamua kununua kamera, na si rahisi kuwalaumu.

Lakini kisa kile kina upande wake wa pili, na upande huo haukuzungumzwa sana wakati ule kwa sababu ya hasira iliyokuwa imewajaa watu. Picha zilizotosha kwa polisi, kwa mwendesha mashtaka na kwa hakimu zilitoka nje na kuzunguka ulimwengu mzima kwa siku chache. Mamilioni ya watu wasiokuwa na kazi yoyote katika kesi ile walimtazama mtoto mdogo akiteswa, wakatumiana, wakatoa maoni. Mtoto wa mwaka ule sasa ni mtu wa umri wa shule. Picha zile hazikufutika, na yeye hakuulizwa. Mtumishi alistahili adhabu aliyopewa na mahakama. Mtoto hakustahili kufanywa tamasha. Anayetaka kuelewa ugumu wa jambo hili lote aanzie hapo, maana kamera ile ile, katika mkono ule ule, ilimwokoa mtoto kwa tendo moja na ikamwanika kwa tendo la pili.

Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, katika ibara ya 27, inakataza kuingilia faragha ya mtu, ya nyumba yake, ya mawasiliano yake na ya mali yake. Ibara hiyo iliandikwa wakati ambapo kuingilia nyumba ya mtu kulikuwa na maana ya kuruka ukuta wake au kuvunja mlango. Siku hizi yawezekana kuingia uani mwa jirani bila ya kuinua mguu, kwa kuigeuza kamera nyuzi chache tu upande wa kushoto. Ndiyo sababu mwaka 2019 ikaja Sheria ya Ulinzi wa Taarifa na Faragha, na mwaka 2021 zikatungwa kanuni zake, na ofisi maalumu ikaanzishwa kusimamia jambo hilo. Mwananchi wa kawaida akiisikia sheria hiyo hufikiri inahusu kampuni za simu na mabenki. Lakini taarifa binafsi, kwa maana ya sheria, ni habari yoyote inayoweza kumtambulisha mtu, iwe imehifadhiwa kwa namna gani. Uso ni habari. Namba ya gari ni habari. Saa ambayo mtu hutoka nyumbani kila asubuhi na saa anayorudi, zikiwekwa pamoja kwa mwezi mzima, ni habari kubwa kuliko anavyodhani.

Sheria hiyo inataka mtu aridhie kabla taarifa zake hazijakusanywa, isipokuwa kwa sababu zilizotajwa, na miongoni mwa sababu hizo ni usalama wa taifa na kuzuia au kupeleleza makosa ya jinai. Inataka pia kisikusanywe zaidi ya kile kinachohitajiwa, na kisihifadhiwe kupita muda wa haja. Anayetoa taarifa za mtu kwa njia isiyo halali anaweza kufungwa hadi miaka 10. Yafaa askari waitazame kwa makini ile nafasi waliyopewa. Kuruhusiwa kukusanya kwa ajili ya upelelezi hakumaanishi kuruhusiwa kuonyesha. Picha iliyochukuliwa kwa ajili ya jalada la kesi, ikionekana jioni katika kundi la WhatsApp la marafiki wa kambini, imekwisha kutoka katika ile ruhusa.

Nchi jirani nazo zimepita njia hiyo hiyo. Kenya ilitunga sheria yake mwezi Novemba 2019, Rwanda mwezi Oktoba 2021, na Tanzania mwaka 2022, na Tume ya Tanzania ikazinduliwa rasmi mwezi Aprili 2024. Kenya ndiyo iliyoonyesha meno mapema. Mwezi Septemba 2023, kamishna wa ulinzi wa taarifa wa nchi hiyo aliitoza hoteli moja ya starehe jijini Nairobi faini ya shilingi za Kenya 1,850,000 kwa kutangaza picha ya mteja bila ya ridhaa yake, na shule moja shilingi 4,550,000 kwa kutangaza picha za wanafunzi bila ya ridhaa ya wazazi. Hizo hazikuwa picha za kamera za ulinzi. Lakini mwenye akili huona kwamba kanuni inayoishika hoteli haitashindwa kumshika mwenye nyumba atakayeitangaza sura ya mpita njia na kuandika chini yake neno mwizi.

Kesi iliyofafanua vizuri zaidi mpaka wa kamera ya nyumbani haikutoka Afrika. Ilitoka katika Jamhuri ya Cheki, barani Ulaya, na inastahili kuelezwa kwa kirefu kwa sababu mtu mwenyewe hakuwa mbaya. Watu wasiojulikana walikuwa wakivunja madirisha ya nyumba yake mara kwa mara kwa muda wa miaka kadhaa. Alikuwa na mke na watoto ndani. Mwaka 2007 akafunga kamera chini ya paa, kamera isiyogeuka, isiyonasa sauti, na picha zake zilihifadhiwa katika mashine ambayo yeye peke yake aliweza kuifungua. Kamera ilitazama mlango wa nyumba yake, lakini iliona pia njia ya umma na mlango wa nyumba iliyokuwa ng'ambo. Usiku wa tarehe 6 kuamkia tarehe 7 Oktoba 2007, dirisha likavunjwa tena kwa manati. Safari hii picha zikapatikana, polisi wakapewa, washukiwa wawili wakatambuliwa na kushtakiwa.

Hapo ingedhaniwa hadithi imekwisha. Lakini mmoja wa washukiwa aliuliza kama kamera ile ilikuwa halali, na ofisi ya ulinzi wa taarifa ya nchi hiyo ikamwona mwenye nyumba kuwa na hatia, kwa kuwa alikuwa akiwanasa wapita njia bila ya ridhaa yao na bila ya kuwaarifu. Shauri likapanda ngazi hadi Mahakama ya Haki ya Umoja wa Ulaya huko Luxembourg. Tarehe 11 Desemba 2014 mahakama hiyo ilitamka kwamba kamera ikishavuka mpaka wa nyumba na kuiona njia ya umma, haiwezi tena kuitwa shughuli ya binafsi ya nyumbani, na kwa hiyo sheria ya taarifa inaihusu. Hata hivyo majaji hawakusema kwamba mtu yule aache nyumba yake ivunjwe. Walisema kwamba sheria ile ile inaruhusu kupima haja yake ya kulinda mali, afya na maisha ya jamaa zake. Uamuzi huo haukumpa ushindi kamili mwenye kamera wala mpita njia, na pengine ndiyo sababu umedumu kutajwa. Hauzifungi mahakama za Uganda hata kidogo, lakini hoja yake ni ya kibinadamu na mtu wa Kawempe anaielewa sawasawa na mtu wa Prague.

Kuna jambo la sauti pia. Kamera nyingi zinazouzwa siku hizi zinasikia pamoja na kuona, na wenye nyumba wengi hawajui. Mwezi Oktoba 2021, jaji wa mahakama moja ya mji wa Oxford, Uingereza, aliamua shauri la majirani wawili waliogombana juu ya kamera za kengele ya mlango na nyingine zilizofungwa nje. Aliona kwamba kunasa sauti za watu hadi mbali kiasi kile kulizidi haja ya ulinzi, tena kwamba sauti iliingilia faragha kuliko picha. Mtu akipita nje ya lango anajua kwamba aweza kuonekana. Hajui kwamba maneno anayomwambia mkewe kwa sauti ya chini yanahifadhiwa katika nyumba ya watu. Katika nyumba za kupanga za Kampala, zile zinazoitwa mizigo, ambamo familia nane huenda zikatumia ua mmoja, bomba moja na choo kimoja, kamera ya mwenye nyumba yenye masikio husikia ugomvi wa kila ndoa. Na ikiwa imeelekezwa kwenye njia ya bafuni, hakuna maelezo ya ulinzi yatakayoiosha. Katika mistari ya nyumba za askari, Nsambya au Naguru, ambako mlango unatazamana na mlango, jambo hilo ni zito zaidi, kwa sababu baba huenda yuko kazini Somalia au Karamoja kwa miezi mingi, na mke hana wa kumwambia kwamba jirani anajua kila mtu anayebisha hodi.

Wapo watakaosema kwamba asiye na kosa haogopi kamera. Maneno hayo ni matamu mdomoni, na askari wengi huyapenda. Lakini mkuki kwa nguruwe ni mtamu, kwa binadamu mchungu. Tarehe 21 Septemba 2013 magaidi walishambulia jengo la maduka la Westgate jijini Nairobi, na watu 67 wakauawa. Majeshi ya Kenya yaliingia humo kupambana. Baadaye picha za kamera za ndani ya jengo zikaonyesha wanajeshi wakitoka katika duka kubwa wakiwa na mifuko ya plastiki. Wakuu wa jeshi walisema kwanza kwamba wanajeshi walichukua maji ya kunywa. Kabla ya mwezi Oktoba kwisha, ilitangazwa kwamba wanajeshi wawili wamefukuzwa jeshini na kufungwa. Askari walioingia mle kwa ushujaa, wakahatarisha roho zao na hawakugusa hata pipi, nao walitiwa katika doa lile mbele ya macho ya ulimwengu. Kamera haikujua cheo wala haikujua nia. Ilionyesha mfuko na mkono ulioushika. Kwa hiyo askari anayedai kamera ziachwe huru zimtazame raia bila mipaka, na ajiulize kama angependa picha zake mwenyewe zikatwe vipande na kusambazwa na mtu ambaye hakuwapo.

Kwa wanajeshi kuna hatari nyingine ambayo si ya heshima tu bali ni ya vita. Tarehe 2 Januari 2024, wakati Urusi ilipoushambulia mji wa Kyiv kwa makombora, idara ya usalama ya Ukraine ilieleza kwamba imegundua kamera mbili za majengo ya makazi ambazo adui alikuwa amezivamia kupitia intaneti. Moja ilikuwa imefungwa kwenye roshani ili wakazi waone mazingira ya jengo lao. Ikageuzwa mwelekeo, na picha zake zikatangazwa moja kwa moja, ili adui aone mizinga ya kutungulia ndege ilipo na makombora yanapoangukia. Nyingine iliwekwa kulinda magari. Idara hiyo ilisema kwamba tangu uvamizi wa mwaka 2022 ilikuwa imezima kamera kama 10,000 za namna hiyo. Waliozifunga walikuwa wananchi wema waliotaka kulinda baiskeli na magari yao. Afisa anayeishi nje ya kambi, mwenye kamera inayotazama barabara ambayo magari ya jeshi huipitia alfajiri, hana budi kulitafakari jambo hilo usiku wa leo, si kesho.

Namna ya kuvamia kamera si uchawi. Kamera nyingi hutoka kiwandani zikiwa na neno la siri moja kwa zote, na mnunuzi hulibakiza vilevile kwa sababu fundi hakumwambia. Mwezi Oktoba 2016, maelfu kwa maelfu ya kamera na mashine za kurekodi za namna hiyo zilikusanywa na wahalifu kupitia programu iliyoitwa Mirai, zikaelekezwa kuishambulia kampuni moja ya mitambo ya intaneti nchini Marekani, na huduma nyingi mashuhuri zikazimika kwa saa kadhaa. Wenye kamera hawakujua lolote. Wala hatari haitoki nje tu. Mwezi Mei 2023, tume ya Serikali ya Marekani inayolinda wanunuzi iliishtaki kampuni ya Ring, inayotengeneza kamera za milangoni na za ndani, kwa kuwaacha wafanyakazi wake watazame picha za faragha za wateja. Ilidaiwa kwamba mmoja wao alitazama maelfu ya picha za wanawake wakiwa katika vyumba vya kulala na bafu. Kampuni ilikubali kulipa dola milioni 5.8. Picha zinazohifadhiwa mbali, katika mashine za kampuni, zina watazamaji ambao mwenye nyumba hatawaona kamwe. Kwa hiyo wale wanaoshauri kwamba chumbani pasiwekwe kamera hata kidogo si washamba.

Mengi ya haya yana dawa nyepesi, na ni ajabu kwamba yanazua ugomvi mwingi hivi. Kamera ishushwe kidogo itazame lango lake badala ya lango la jirani. Nyingi za siku hizi zina uwezo wa kuziba sehemu ya picha, hata dirisha la ng'ambo likawa giza tupu, na fundi akiulizwa huifanya kazi hiyo kwa dakika chache. Sauti izimwe. Neno la siri libadilishwe siku ile ile fundi anapoondoka. Tangazo libandikwe langoni, maana mwizi anayejua kwamba kuna kamera huenda akapita, na hiyo ni faida kuliko kumpiga picha baada ya kuiba. Mtumishi wa nyumbani aambiwe. Hapa wengi hukataa, wakikumbuka kisa cha mwaka 2014 na kusema kwamba mtumishi aliyeambiwa angejificha. Hoja yao ina uzito, lakini mtumishi anayejua kwamba anaonekana ana sababu ya kutompiga mtoto tangu siku ya kwanza. Kamera ya siri husubiri mtoto apigwe kwanza. Pale ambapo dalili za mateso zimekwisha kuonekana, kama zilivyoonekana kwa baba yule, ni haki kutega, na mahali pa kwanza pa kupeleka picha ni kituo cha polisi.

Na kituoni ndipo kazi ya askari inapoanza. Mara nyingi mambo huenda hivi: mwananchi anakuja asubuhi akisema, "Afande, mwizi nimemnasa," na anatoa simu. Askari anaitazama, anaomba atumiwe kwa WhatsApp, na kufikia mchana mji mzima umeiona. Mwizi naye ameiona, na amekwisha kuvuka mpaka kwenda Busia au Malaba. Mbele ya mahakama, wakili wa mshtakiwa anauliza picha hii ilitoka katika mashine gani, nani aliinakili, lini, na kama haikuguswa njiani. Sheria ya Miamala ya Elektroniki ya mwaka 2011 inairuhusu mahakama kupokea ushahidi wa aina hiyo, lakini inaitaka ipime uaminifu wa namna ulivyotengenezwa, ulivyohifadhiwa na ulivyofikishwa. Picha iliyopita katika simu sita haina majibu mazuri kwa maswali hayo. Kesi inaanguka, na mwenye nyumba analaumu polisi kwamba wamekula rushwa, kumbe kilichotokea ni uzembe wa asubuhi moja.

Askari anayeijua kazi yake huenda mwenyewe nyumbani kwa mlalamikaji, na huenda mapema, kwa sababu mashine hizi zikijaa huandika picha mpya juu ya za zamani, na ushahidi wa Jumatatu huenda usiwepo Jumatatu inayofuata. Huomba kwa adabu, kwa kuwa picha ni mali ya mwenye nyumba; na jirani ambaye kamera yake huenda imeona kitu, lakini hataki kuitoa, hutakiwa kwa njia za sheria, si kwa vitisho vya mlangoni. Huchukua kipande kinachohusu tukio tu, si kumbukumbu za wiki nzima zenye wageni wa nyumba ile na watoto wakioga uani. Huandika namba ya mashine, jina la aliyenakili na saa ya kunakili, hutia sahihi pamoja na mwenye nyumba, kisha hukitia kizibiti katika bahasha na kuifunga kwa lakiri. Nakala ya kutazama hutengwa na ile ya mahakama. Tena hulinganisha saa ya mashine na saa halisi na kuiandika tofauti yake, kwani umeme ukikatika mashine nyingi hupoteza majira, na mtu anayeonekana katika picha akipita saa 8:10 usiku huenda alipita saa 9:40, wakati ambapo yule aliyekamatwa alikuwa kazini, na daftari la zamu linaonyesha hivyo.